Nani Anaashiria? Kazi ya Mikono katika Riwaya Zetu

Ndugu Mwenyekiti, wazee wangu mliokaa safu ya mbele, walimu wenzangu, wanafunzi, na ninyi mliotoka kazini mkaingia humu moja kwa moja bila kupitia nyumbani: asalaam aleikum, na habari za jioni.

Nimeombwa nizungumzie riwaya na hadithi za maisha ya wafanyakazi. Mwaliko uliponifikia nilidhani kazi ni nyepesi, kwa kuwa nimesomesha fasihi ya Kiswahili miaka mingi na vitabu vyenyewe viko rafuni kwangu. Lakini kila nilipokaa kuandika, kalamu ilinirudisha kwenye jioni moja ya ujana wangu, hapa hapa Tanga, iliyonifunza habari hii kuliko mhadhara wowote niliowahi kuhudhuria. Naomba ruhusa yenu nianzie hapo.

Baba yangu alikuwa kuli. Siku hizo, na hata mpaka miaka ya karibuni, meli kubwa hazikufunga gatini Tanga kwa sababu kina cha maji hakikutosha. Zilitia nanga mbali kidogo na ufuko, na shehena ikapelekwa na kurudishwa kwa matishali. Baba aliondoka alfajiri, akapanda tishali, akapanda meli, kisha akateremka ngamani, yaani tumboni mwa meli, na hakuliona jua tena mpaka zamu ilipokwisha. Mzigo mkubwa ulikuwa mkonge uliofungwa marobota. Robota moja lina uzito wa kama kilo 250, na hakuna binadamu abebaye kilo 250, kwa hiyo marobota yalivutwa, yakapinduliwa na kubingirishwa kwa kulabu ya chuma yenye mpini wa mti. Kulabu ya baba ilitundikwa nyuma ya mlango, na sisi watoto tulikatazwa kuigusa kwa ukali ule ule ambao watoto wa mgambo hukatazwa kugusa bunduki.

Nilipomaliza chuo cha ualimu niliandika hadithi fupi juu ya kuli, nikaona ni haki yake baba aisikie kabla ya mtu mwingine yeyote. Nilimsomea barazani baada ya Isha. Ilikuwa na kila kitu nilichofundishwa kwamba hadithi ya mfanyakazi inapaswa kuwa nacho: jua kali, jasho, nyapara mwenye matusi, mshahara usiofika mwisho wa mwezi, mke anayekopa unga dukani. Karibu na mwisho, winchi ilinyanyua marobota manne kutoka ngamani, kamba ikakatika, na kijana mmoja akafa. Sehemu ile nilijivunia sana. Baba alikuwa akisikiliza huku ametazama sakafu, na nilipofika pale akanyanyua mkono.

"Nani anaashiria?"

Sikumwelewa. Akanieleza kwa utulivu, kama anayemweleza mtu mgeni wa mji. Mwenye winchi amekaa juu ya sitaha na kutoka pale alipo haoni ngamani. Kwa hiyo lazima asimame mtu mlangoni mwa ngama, achungulie chini, na kwa mkono wake tu amwambie mwenye winchi apandishe, asimame, au ashushe pole pole. Hapazi sauti, maana kwa kelele ya mashine sauti haifai kitu. Waliomo chini roho zao zimo katika mkono ule, na ndiyo maana kazi hiyo hapewi mtu anayesinzia wala mtu mwenye ugomvi na wenzake. "Wewe umepandisha mzigo," aliniambia, "na pale mlangoni hakuna mtu. Huyo marehemu wako hakuuawa na kamba, mwanangu. Umemuua wewe."

Tangu siku ile, kila nisomapo riwaya ya wafanyakazi, swali lake linakuja mbele ya maswali mengine yote. Siulizi kwanza kama mwandishi anawahurumia wanyonge, maana huruma ni rahisi na sote tunayo. Nauliza kama anaijua kazi. Mfanyakazi wa vitabuni mara nyingi ana kila kitu isipokuwa kazi: tunamkuta akitoka kazini, akilalamikia kazi, akifukuzwa kazi, akifia kazini, lakini zile saa nane au kumi ambazo mikono yake inafanya jambo analolijua kuliko mwandishi, zinarukwa kwa sentensi moja ya kwamba alifanya kazi kutwa nzima akachoka.

Katika mji huu hatuwezi kuzungumzia hadithi bila kumtaja Shaaban Robert, na mimi namtaja kwa sababu ambayo hutajwa mara chache. Tangu mwaka 1926 hadi 1944 mzee wetu alikuwa karani wa forodha, Pangani na kwingineko. Fikirini: miaka 18 ya kuhesabu mizigo iliyobebwa na watu wengine. Kila gunia aliloliandika daftarini lilipita kwanza juu ya bega la mtu. Hata hivyo riwaya zilizomtangaza zilikwenda nchi za kufikirika, Kusadikika yenyewe ikiwa imewekwa angani, na bega lile halikuingia humo. Sisemi hivi kumtia dosari. Chini ya mkoloni fumbo lilikuwa ngao, na karani wa serikali alijua kwa nini anaandika kwa fumbo. Katika Utubora Mkulima alikuja kumleta mtu anayeacha kazi ya mshahara na kurudia jembe, lakini Utubora hulima kwa ajili ya utu wake, na jembe lake ni kama kitabu cha maadili chenye mpini. Kwangu mimi mfanyakazi aliye hai zaidi katika maandishi yake hayumo katika riwaya, yumo katika wasifu aliouandika wa mwimbaji Siti binti Saad, msichana wa Fumba aliyechukua vyungu vilivyofinyangwa na mama yake akavinadi akienda kwa miguu. Koo lile lililokuja kurekodiwa kwenye santuri lilianza kama chombo cha kazi, kwa kuwa muuza vyungu asiyesikika hurudi na vyungu vyake.

Mlango wa bandari ulikuja kufunguliwa na Adam Shafi. Mwaka 1978 alitoa Kasri ya Mwinyi Fuad, na mwaka uliofuata, 1979, Tanzania Publishing House ikachapa Kuli. Natua kidogo kwenye jina. Pwani tuna majina mengi ya mtu anayebeba mzigo: mpagazi lina harufu ya msafara, mchukuzi ni neno la heshima, na hamali hutumiwa mpaka leo, Mombasa kwa mfano kwa wale wasukuma mikokoteni. Kuli ni neno la chini kuliko yote, lililotufikia kutoka Bara Hindi kwa njia ya meli na mikataba ya vibarua, na mtu aliweza kutukanwa nalo. Mwandishi angeweza kuchagua jina la matumaini, kama lilivyokuwa zoea la siku zile. Akaliweka neno lile lile la dharau juu ya jalada, peke yake, kwa silabi mbili. Siku nilipokileta kitabu nyumbani baba aliligeuza jalada, akalitazama, akacheka kidogo, akasema, "Basi wametuandika."

Ndani yake yumo Rashidi, kijana anayeifuata kazi ya baba yake bandarini Unguja, na njia yake inakwenda hadi kwenye mgomo mkubwa wa mwaka 1948, ambao ni tukio la kweli la historia: ulianza kwa makuli mwezi wa Agosti, ukaenea mjini. Na hapa nataka tutazame tarehe, maana mgomo wa Unguja haukuwa yatima. Januari 1947 Mombasa nzima ilisimama kwa siku kumi na mbili. Wafanyakazi walikusanyika kwenye uwanja walioubatiza wenyewe jina la Kiwanja cha Maskini, na Chege Kibachia akatokea kuwa sauti yao. Septemba mwaka huo huo makuli wa Dar es Salaam waligoma, na mgomo ukapanda bara kwa kufuata reli. Oktoba, mbali na sisi kabisa, wafanyakazi wa reli ya Dakar hadi Niger waliweka zana chini, wasizishike tena mpaka Machi 1948. Hawa watu hawakuandikiana barua. Vita vya Pili vya Dunia vilikuwa vimepandisha bei ya kitambaa, unga na mchele kila mahali, na mishahara ikabaki pale pale ilipokuwa. Tumbo la Dakar na tumbo la Unguja lilisoma bei moja.

Mgomo wa reli ya Dakar nao ulipata mwandishi wake, na huyu naye alikuwa kuli. Ousmane Sembène wa Senegali alipakua meli katika bandari ya Marseille huko Ufaransa, akaumia mgongo kazini, na kitabu chake cha kwanza, cha mwaka 1956, alikipa jina la kazi yake hiyo. Riwaya yake ya mgomo wa reli ilitoka mwaka 1960, na ukitaka kujua kwa nini nasema kazi ndiyo kipimo, tazama anavyowaandika wanawake. Waume wanapogoma, kazi yao inasimama. Ya wake haisimami, inazidi. Maji yamekatwa, duka halikopeshi, mtoto analia, na chakula cha jioni kinatakiwa kutokea mahali fulani. Sembène anaifuata kazi hiyo ya kutafuta chakula kwa makini yale yale ambayo mwandishi mwingine angeyaweka kwenye mkutano wa chama, na ndiyo maana wanawake wake wanapoondoka Thiès kwa miguu kwenda Dakar, msomaji hahitaji kuelezwa miguu ile imetoka wapi.

Kwetu jambo hili lilitupungukia, na nitalisema hata kama baadhi ya niliosoma nao watanuna. Riwaya nyingi zetu za miaka ya 1970 na 1980 zilizowachukua wafanyakazi ziliwachukua ili wahutubie. Anatokea mtu mmoja aliyeamka, anawakusanya wenzake, anazungumza kwa aya ndefu zilizonyooka, na wenzake wanaitikia. Nilimsomea baba hotuba moja ya namna hiyo, akauliza huyu bwana pumzi amezitoa wapi. Ngamani watu huzungumza kwa maneno mawili matatu, na utani mwingi, na wimbo wa kuvutia kamba. Ile harambee inayosikika leo kwenye majukwaa ya siasa ilikuwa mwito wa watu wanaovuta au kunyanyua kitu kizito kwa pamoja. Waheshimiwa walilichukua neno, kamba wakaiacha.

Kuna jambo jingine ambalo tumelizungukia kwa muda mrefu. Migomo ya riwaya zetu karibu yote inatokea kabla ya uhuru au kabla ya Mapinduzi. Mkoloni akigomewa, kila mtu anashangilia, hata mkurugenzi wa shirika la umma. Lakini mwaka 1964 vyama vya wafanyakazi vya Tanganyika vilifungwa vyote na kuundwa kimoja tu, NUTA, chini ya mbawa za serikali, na Mwongozo wa TANU, chama tawala, wa mwaka 1971 ulipowaambia viongozi waache ubabe, wafanyakazi wa viwanda kadhaa waliuchukua kwa uzito kuliko ilivyotarajiwa, wakawagomea mameneja, na baadhi wakapoteza kazi. Nilikuwa kijana wakati huo na nakumbuka ile karatasi ya Mwongozo ikisomwa kwa sauti kwenye vijiwe, hasa ile ibara ya 15 iliyokataza ubabe wa viongozi. Visa vyake vingetosha riwaya tatu. Mgomo wa mwaka 1948 ulikuwa salama kuusimulia mwaka 1979. Wa mwaka 1973 haukuwa salama hivyo.

Na wasomaji walikuwepo. Kwa hesabu za serikali, watu wazima wasiojua kusoma na kuandika Tanzania walikuwa kama asilimia 67 mwaka 1967, na kufikia 1977 walikuwa wameshuka hadi asilimia 27. Madarasa ya kisomo cha watu wazima yalikaa viwandani, mashambani, kwenye mabohari. Baba yangu alijifunza kusoma humo, na kitabu cha kwanza chenye hadithi ndefu alichokimaliza mwenyewe, kwa miezi minne na kidole juu ya mstari, kilikuwa Kuli. Nilimuuliza juu ya winchi. Akasema, "Huyu aliuliza watu."

Kuna mwandishi mmoja wa Uingereza ambaye hakuhitaji kuuliza mtu. Robert Tressell lilikuwa jina la kalamu la mpaka rangi wa nyumba katika mji wa Hastings. Aliandika riwaya nene juu ya wapaka rangi, asiione ikichapwa; alikufa mwaka 1911, binti yake akaupeleka mswada, na mwaka 1914 ukatoka umekatwakatwa, hata msomaji akalazimika kungoja hadi 1955 kuupata mzima. Wengi hukumbuka namna fundi mmoja anavyowafundisha wenzake uchumi kwa vipande vya mkate wakati wa chakula. Mimi hukumbuka zaidi rangi yenyewe. Bosi ameshinda zabuni kwa bei ya chini, kwa hiyo fundi anaamriwa asikwangue rangi ya zamani, asizibe nyufa vizuri, apake mara moja pale panapohitaji mara tatu, na aende upesi. Fundi anajua ukuta ule utabanduka. Anaupaka. Umaskini wa watu wale unasikitisha, lakini kinachouma zaidi ni mtu anayejua kazi nzuri kulazimishwa kufanya kazi mbaya kila siku mpaka mkono uzoee. Uchungu huo huwezi kuuandika kama hujui rangi inakaaje juu ya ukuta. Mafundi mliomo humu, najua mnaelewa ninachosema, na najua mmewahi kuambiwa mpunguze saruji kwenye kokoto.

Jirani zetu Wakenya walifika kwenye mjengo mapema, ingawa si kwa Kiswahili. Mwaka 1976 Meja Mwangi aliwaandika vibarua wa Nairobi wanaopandisha jengo refu ghorofa kwa ghorofa, wakijua kwamba siku litakapokamilika wao ndio watakaokosa kazi. Ngũgĩ wa Thiong'o, akiwa kizuizini Kamiti mwaka 1978, aliandika kwa Kikuyu juu ya karatasi za chooni riwaya ambayo kwa Kiswahili tunaijua kama Shetani Msalabani, iliyochapwa kwa Kikuyu mwaka 1980. Mengi yamesemwa juu ya mashetani na matajiri wa kitabu kile. Mimi nampenda Wariinga anapoingia gereji: msichana aliyekuwa karani wa kupiga chapa, akasumbuliwa na bosi kwa sababu ya umbo lake, anasomea ufundi na kuzishika injini. Kitabu hicho kilipotoka kwa Kikuyu, watu walisomeana kwa sauti kwenye baa na ndani ya matatu. Mmoja anasoma, wengine wanamnunulia kinywaji aendelee. Sijui heshima kubwa kuliko hiyo ambayo mfanyakazi anaweza kumpa mwandishi, maana kinywaji kinatoka kwenye ujira wa siku.

Sasa niseme linalohusu ukumbi huu. Watoto wa makuli tulipelekwa shule ili tusiwe makuli. Baba alisema hivyo waziwazi, na kila alipolipa ada aliinua bega lake la kushoto, lililokuwa limeshuka kuliko la kulia, ili nilione. Tukawa walimu, makarani, wahasibu. Tulipopata wakati wa kuandika tulikuwa tumeshaipoteza lugha ya ngamani, na wenye lugha ile hawakuwa na wakati. Mkonge ulioijenga Tanga, kwa mfano, uliletwa mwaka 1893 na Mjerumani aitwaye Hindorf, na kwa miongo mingi ulikatwa na manamba, watu walioitwa hivyo kwa sababu mbele ya tajiri walikuwa namba. Walilipwa kwa kipande, kadi ya siku 30 za kazi. Siku hazijatimia, hela hakuna. Maji ya jani la mkonge yanawasha ngozi, na mkataji mpya hujulikana kwa anavyojikuna usiku. Korona, mashine inayochambua singa, ikishaanza kunguruma inataka majani bila kukoma. Manamba walitoka Burundi, Rwanda, Msumbiji, Iringa, Songea, na katika kambi zao Kiswahili ndicho kilichowakutanisha. Ninazo tasnifu juu yao nyumbani, nzuri. Riwaya ya mkataji mkonge, yenye panga lake, kipande chake na ugomvi wake na msimamizi juu ya hesabu ya matita, bado naitafuta.

Bandari nayo imebadilika. Kontena limeingia, na kazi ya watu wengi inafanywa na kreni na mtu mmoja aliye juu kabisa. Wajukuu wa makuli wako kwenye bodaboda, wakipeleka hesabu kwa mwenye pikipiki kila jioni, au wako kwenye mkataba wakisubiri pikipiki iwe yao kabla haijafa. Wako kwenye daladala kama deiwaka, wasiojua asubuhi kama leo watapanda gari. Wako kwenye mjengo wakisaidia fundi. Binti zetu wako Muscat na Riyadh wakilea watoto wa watu, na usiku wanawatumia mama zao ujumbe wa sauti kwenye simu. Jirani yangu alinisikilizisha mmoja wa binti yake, kwa idhini yake. Dakika nne nzima alieleza namna ya kuosha sakafu ya marumaru bila kuacha alama ya maji: kitambaa gani, ukikamue vipi, urudi nyuma ukielekea upande gani wa mlango. Mama yake alilia. Mimi nilimwomba aucheze tena, kwa sababu sijapata kusikia Kiswahili kilichoshika kazi vizuri namna ile.

Ndugu Mwenyekiti aliniambia pembeni kwamba angependa nitaje na kazi zangu mwenyewe, na sina cha kutaja. Ile hadithi ya kuli sikuichapisha. Baba alifariki, kulabu anayo kaka yangu, na daftari ninalo mimi. Nimeiandika upya mara tatu. Nyapara nimemwondoa, jua nimelipunguza, na kijana hafi tena. Katika nakala ya sasa yupo mtu amesimama mlangoni mwa ngama, amechungulia chini, mkono wa kulia ameunyanyua na kiganja kimefunguka, na mwenye winchi anamtazama yeye tu. Mzigo umesimama hewani. Jina bado sijampa.

Asanteni kwa kunisikiliza.